Vitani Hakuna Mkwe

Afande Hashimu alitufundisha kwamba vita vya nchi kavu ni mambo matatu tu: umfunge adui pale alipo kwa risasi, umzunguke kimyakimya, halafu umpige ubavuni. Alisema hata mtoto wa chekechea angeelewa. Mimi nilielewa siku ileile, na nina mjukuu. Kilichonisumbua ni kwamba katika somo zima hakugusia hata kidogo ufanye nini kama huyo anayekuzunguka ni mume wa binti yako.

Naitwa Editha, ingawa hapa kijijini kwetu Isanghala, upande wa Mpwapwa, wananiita Mama Generosa. Mume wangu alishatangulia, na ng'ombe alioniachia wakamfuata mwaka ule wa ukame, wakashindwa hata kusubiri arobaini. Ndugu yangu Witness analinda ghala moja kule mjini, Nzuguni. Alinipigia simu akasema wanatafuta mwanamke wa kukagua wanawake getini, na kwamba jina langu ameshalitaja. Kilichobaki ni cheti cha mgambo. Katika nchi hii bila cheti hicho hawakuachii ulinde hata lundo la kokoto. Basi nikavaa suruali kwa mara ya kwanza tangu nizaliwe, nikaenda kujifunza vita.

Naye mkwe wangu akaja. Jina analo, zuri tu la ubatizo, lakini mimi silitamki na sitalitamka hapa. Mjukuu wangu anaitwa Nathan, kwa hiyo baba yake ni Baba Nathan, inatosha. Ng'ombe wake walikufa pamoja na wangu, na cheti alikihitaji kama nilivyokihitaji mimi.

Kwetu Wagogo, mwanamume na mama mkwe wake hawaangaliani usoni. Hawali pamoja, hawasemezani, hawapeani mikono. Wakikutana njiani, mwanamume ndiye anayeiacha njia, anaingia porini, anageuka nyuma mpaka mama apite. Hakuna chuki hapo, ni heshima yenyewe. Tangu amwoe Generosa, Baba Nathan ameiheshimu njia yangu kiasi kwamba ninachokijua vizuri katika mwili wake ni kisogo. Na nitasema ukweli, nilikuwa nikimwona mzembe. Kila nikipita na debe la maji kichwani yeye yuko vichakani kwa heshima. Nilimwambia Generosa mara nyingi kwamba heshima isiyobeba ndoo ni njia nyingine ya kupumzika.

Jeshini kumbe kipaji hicho kina thamani. Siku ya somo la kujificha, Afande aliniweka karibu naye nilinde pipa la maji, akawaamuru wengine wote wajifiche wasionekane kutoka pale tuliposimama. Kisha akaanza kuwaokota mmoja mmoja. Huyu kajificha nyuma ya mnyaa lakini kofia inang'aa. Yule kalala kwenye nyasi na simu inaita. Romani, jirani yangu, mtu mzima kuliko mimi, alikuwa amefumba macho akidhani inatosha. Lakini Baba Nathan hakuonekana. Tulimtafuta mpaka chakula kikapoa, na alipotokea alitokea mwenyewe, mgongo mbele, kutoka kwenye kijikorongo kilichokuwa karibu nasi muda wote.

"Huyu!" Afande alipiga kelele kwa furaha. "Huyu ndiye askari! Anajificha kana kwamba maisha yake yote alikuwa anamkwepa mtu!"

Hakuna aliyecheka. Wenyeji wote walitazama chini. Hapohapo akapewa ukamanda wa seksheni ya pili, wale wa kuzunguka na kupiga ubavuni.

Ukafika wakati wa zoezi la kumalizia mafunzo, ambalo mgeni rasmi angekuja kulitazama. Afande alijenga kilima cha mchanga uwanjani, akachora njia kwa majivu na kuweka mawe kama mahandaki. Seksheni ya kwanza ingekaa mbele ya kilima na kufyatua risasi ili adui asiinue kichwa. Seksheni ya pili ingepita kwenye korongo kushoto na kuteka handaki la ubavuni. Ya tatu ingesubiri nyuma, kuziba palipovuja. Adui walichaguliwa kwa utaalamu mkubwa: wenye umri, wenye magoti mabovu, na wenye mdomo. Mimi niliingia kwa sifa zote tatu.

"Adui atashindwa," Afande alitueleza. "Hilo limeshapangwa. Lakini asishindwe ovyo. Adui atakayetoka kwenye handaki kabla hajatekwa, huyo ametoroka, cheti hapati. Na kamanda atakayeshindwa kuteka handaki lake, cheti hapati. Mgeni rasmi atavigawa palepale. Tumeelewana?"

Nilitazama jiwe lililokuwa handaki langu. Nilitazama mstari wa majivu uliotoka korongoni. Ulikuja moja kwa moja mpaka kwangu.

"Afande, naomba kusema."

"Sema, kuruti."

"Naomba nihamishwe. Niweke kule mbele, au unipe handaki lolote jingine."

"Kwa nini? Unaogopa?"

"Kamanda wa seksheni ya pili ni mkwe wangu, Afande. Hawezi kunijia."

Afande Hashimu ni mtu wa Tanga, na Tanga nako kuna wakwe, tena wa kutosha. Lakini mtu akishavaa gwanda husahau hata alikozaliwa. Alinitazama kwa huruma, akaupigapiga mchanga kwa fimbo yake.

"Mama Generosa, leo nikuhamishe kwa sababu ya mkwe, kesho mwingine ataomba kwa sababu ya shemeji, keshokutwa wifi. Tutapigana na nani? Vitani hakuna mkwe. Kuna rafiki na kuna adui, basi."

"Afande, mkwe yupo kila mahali."

"Kaa chini."

Nilikaa. Nyuma kabisa ya darasa Baba Nathan alikuwa ameketi kama kawaida yake, amegeukia mbuga, kofia imemfunika mpaka puani. Afande aliwahi kuandika kwamba kuruti huyo ana nidhamu ya kulinda nyuma.

Siku ya zoezi ilipambazuka na upepo, yaani kama siku nyingine zote za huku. Mgeni rasmi, mzaliwa wa Kondoa aliyenenepea mjini, aliketi chini ya turubai na chupa ya soda mbele yake, na mbuzi alikuwa anachomwa nyuma ya shule. Sisi adui tulipanda kilimani na bunduki zetu. Zilikuwa za mti wa mninga, nzito kuliko za kweli, na risasi zilitoka mdomoni. Ukitaka kumuua mtu unamwelekezea mti na kusema "pa". Akiwa muungwana, anakufa.

Filimbi ilipopulizwa, seksheni ya kwanza ilianza kutufunga pale tulipo. "Pa! Pa! Pa!" Bunduki ya rashasha ilikuwa Angelina, anayeongoza sauti ya kwanza katika kwaya ya kanisani kwetu. Alipewa kazi hiyo kwa pumzi zake. "Tatatatatata!" aliimba, akavuta pumzi, akarudia, na nusu yake ilikuwa na kiitikio. Moshi wa kuwaficha washambuliaji ulikuwa wa kinyesi kikavu cha ng'ombe. Ulifuka vizuri sana, ukainuka, ukatafakari, halafu ukaenda wote chini ya turubai. Tulimwona mgeni rasmi akifunikwa, yeye na soda yake.

Mimi na Romani tulikuwa handaki moja. Romani alikufa mapema. Risasi ya kwanza tu ilipotamkwa alisema "Mungu wangu", akajilaza kwenye kivuli cha ukingo, akaweka kofia usoni.

"Romani, hata hawajatulenga."

"Nimepatwa na ya bahati mbaya," akasema. "Maiti haisemi. Niache."

Nikabaki peke yangu na bunduki yangu ya mninga, nikitazama kushoto. Korongo lilikuwa kimya. Seksheni ya pili ilikuwa imo ndani yake tayari, najua, lakini halikutikisika jani wala halikuporomoka jiwe. Afande alikuwa ametufundisha kwamba kuzunguka adui ni kazi ya siri, na siri hiyo Baba Nathan aliifanya kama alivyoifanya maisha yote ya ndoa yake. Kama ningekuwa adui wa kweli, angenikuta nachambua mboga.

Ndipo nikasikia kikohozi. Kilitoka korongoni, karibu kabisa, kikohozi cha adabu kile ambacho mwanamume hukitoa anapokaribia mahali alipo mama mkwe, ili mama ajue, ajifunike, apishe. Kikaja cha pili, kikubwa zaidi, iwapo sikusikia cha kwanza. Sidhani kama katika vita vyote vilivyopiganwa duniani kuna kikosi cha kuvizia kilichowahi kupiga hodi.

"Mtoto wako kafika," maiti akasema chini ya kofia.

"Nimesikia."

"Ama umpishe, ama umpige."

"Nikitoka nimetoroka, nakosa cheti. Nikibaki hawezi kuingia, anakosa yeye."

"Mpige basi. Akifa kishujaa huenda wakamfikiria."

"Nimnyooshee bunduki mkwe wangu?"

"Ya mti, Mama Generosa."

Hata ya mti. Nilijaribu. Nilielekeza mdomo wa bunduki kule kikohozi kilikotoka, nikafungua kinywa, na ile "pa" ikagoma. Niliona haya ya suruali. Niliona haya ya kuwa mama wa mtu nikiwa nimechuchumaa shimoni na majani kichwani. Nikawaza geti la Nzuguni, sare yenye jina langu kifuani, unga ninaonunua mwenyewe bila kumtuma Generosa akaniombee kwa mumewe. Nikainamisha uso nikautazama udongo, kwa sababu hicho pekee ndicho nilichoweza kumsaidia nacho.

Alipanda ukingo. Nilizijua hatua zake kwa sababu kwa mara ya kwanza zilikuwa zinakuja badala ya kwenda. Zikasimama. Nyuma yake seksheni nzima ikalala kifudifudi, na hakuna aliyesogea, maana hakuna hata mmoja aliyetaka kuwa mtu aliyempita kamanda wake ili kumvamia mama mkwe wa kamanda wake. Chini uwanjani filimbi ililia. Ikalia tena kwa hasira. "Shambulia! Seksheni ya pili, shambulia!" Rashasha ilikuwa imekauka koo, ikawa inakohoa tu. Seksheni ya tatu, iliyowekwa kuziba palipovuja, ilipoona panavuja iliomba maji ya kunywa.

Kisha nikasikia sauti yake. Sikuwahi kuisikia kwa karibu namna ile, wala sikujua kama ni nzito.

"Seksheni," alisema taratibu, "nyuma."

Nitasema kitu kimoja kuhusu kurudi nyuma kule: kulikuwa kuzuri. Somo hilo Afande alilitilia mkazo, kwamba anayerudi nyuma hakimbii, bali nusu inatazama adui wakati nusu inaondoka, halafu wanabadilishana. Hivyo ndivyo walivyofanya, nusu na nusu, bila kugongana, wote wakinitazama kwa pembeni, kwa heshima. Hakuna zoezi jingine siku ile lililofuata kitabu. Wakaishia korongoni, na kilima kikabaki mikononi mwa wenye magoti mabovu.

"Tumeshinda?" Romani akauliza, akifufuka.

Tulikuwa tumeshinda. Mgeni rasmi, macho mekundu kwa moshi, alifurahi kupita kiasi. Alidhani ndivyo ilivyopangwa. Tulipopanga mstari uwanjani alisema walinzi wa kilima wameonyesha moyo, kwamba nchi inalindwa na watu wasioacha mahali pao, na akaanza kugawa vyeti kwa kuanza na sisi. Nilipoitwa nilipiga saluti, nikapokea changu kwa mikono miwili. Karatasi ilikuwa bado na joto la jua, jina langu limekosewa herufi moja, na sikujali. Nilirudi kwenye mstari nikiwa tayari nipo Nzuguni.

Lakini Afande Hashimu alikuwa hajamaliza. Mtu aliyeaibika mbele ya mkubwa lazima atafute wa kumwaibisha mbele ya huyohuyo mkubwa. Alitangaza kwamba kuanzia hapo yeyote atakayefungua mdomo mstarini bila ruhusa atafutwa kwenye orodha, kisha akamwita Baba Nathan mbele, peke yake.

"Mheshimiwa, huyu ndiye aliyerudisha jeshi nyuma. Hakupigwa. Hakujeruhiwa. Alifika ukingoni mwa handaki, akageuka. Mtazame vizuri, uone mwoga anavyofanana."

Mgeni rasmi akamtazama. "Kijana, ulimwogopa nani?"

Baba Nathan angeweza kusema. Neno moja tu, "mkwe", na uwanja mzima ungemwelewa, hata mgeni mwenyewe. Lakini angekuwa amesema mbele ya watu kwamba mama mkwe wake alikuwa shimoni na suruali, naye akasimama juu yake, na hilo lingekuwa kunivua nguo. Akaona afadhali aitwe mwoga. Alisimama mguu sawa, macho chini, jasho linamtiririka, na watoto wa shule waliokuja kutazama wakaanza kumzomea.

"Jibu! Ulimwogopa nani?" Afande akafoka.

Watu wote wa Isanghala walijua, na wote walikuwa wanatazama viatu vyao. Romani alikuwa amekufa tena, akiwa amesimama. Nilikuwa nimeshika karatasi yangu, na nilijua bei ya kufungua mdomo, maana ilikuwa imetangazwa punde tu, kwa sauti kubwa. Niliumia, na sitaki kujifanya kwamba sikuumia. Halafu nikatoka mstarini.

"Aliniogopa mimi," nikasema. "Ni mume wa binti yangu. Na si woga huo, mheshimiwa. Kilimani kote, aliyejua alikosimama alikuwa yeye peke yake."

Baba Nathan aliposikia sauti yangu imemjia mbele, alifanya kile anachokifanya siku zote. Aligeuka nyuma. Kwa hiyo akampa mgongo mgeni rasmi wa serikali, mchana kweupe, na akabaki hivyo, mguu sawa.

Mgeni rasmi hakukasirika. Alishusha macho yake yasiniangalie sana, kama mtoto wa watu, akamgeukia Afande.

"Ulijua kwamba ni mkwe wake?"

"Niliambiwa, mheshimiwa. Nikawaambia vitani hakuna mkwe."

"Hakuna?"

"Hakuna, mheshimiwa."

"Basi hao waliolirudisha jeshi lako nyuma ni kina nani?"

Uwanja ulicheka, hata rashasha. Ningependa kusema kwamba baada ya hapo haki ilitendeka, lakini ndipo mbuzi alipotangazwa kuwa ameiva. Mheshimiwa aliinuka, akasema jambo lile litazamwe, na akaongozwa nyuma ya shule. Kila mamlaka ina mipaka, na ya ile ilikuwa harufu ya nyama.

Afande akanijia, mkono ameunyoosha. Hakunifokea. Nadhani alikuwa amechoka.

"Ulisikia nilichotangaza, Mama Generosa."

"Nilisikia, Afande."

Nikampa cheti. Yeye akakikunja mara mbili, akakitia mfukoni, akasema mwakani mimi na mkwe wangu tuanze upya, kuanzia kwata ya kwanza. Witness atatafuta mwingine wa kulikalia lile geti, maana geti halingoji mwaka. Nilivua majani kichwani, nikashika njia ya nyumbani, nikiwa na hasira na Afande, na mbuzi, na jua, na mimi mwenyewe kidogo.

Sikwenda mbali kabla sijajua kwamba Baba Nathan yupo. Kwa mtu mwingine asingesikika, lakini mimi nimemsikiliza miaka yote hiyo. Alikuwa upande wa kulia, ndani ya migunga, anatembea kwa mwendo wangu, miiba inamvuta shati. Nilipopunguza alipunguza. Pale njia inapobana kati ya mawe hapakuwa na pori la kukimbilia, na angelazimika kuzunguka kilima kizima, na ile siku aliyokuwa nayo, na njaa, na kuzomewa.

Nilisimama. Nilifikiria maneno, nikakosa hata moja ambalo mama mkwe anaweza kumwambia mkwe wake, maana babu zetu hawakuacha neno kwa ajili hiyo. Basi nikaiacha njia. Niliingia kwenye miiba mimi mwenyewe, upande wa kushoto, nikageuka nyuma, nikafunika uso kwa ile kofia ya mgambo.

"Njia ina mwenyewe leo," niliuambia mgunga uliokuwa mbele yangu. "Apite."

Nilifikiri hatakubali. Kisha nikasikia hatua zikitoka porini, zikaingia njiani, zikaja polepole mpaka nyuma ya mgongo wangu, zikasimama kidogo pale, zikaendelea. Nilingoja mpaka zikaishia kwenye mawe ndipo nikatoka, nikamfuata nyuma kwa mbali, nikienda nyumbani kumwambia binti yangu kwamba ameolewa na mwanamume.